Moshi Kando ya Nyota Tatu

Kaka yangu Eugène alikuwa na macho mawili kama watu wengine, lakini ukimsikia akijisifu ungedhani alipewa manne. Alikuwa mtazamaji wa lusenga hapa Baraka, kwenye mtumbwi wa Jacques, na miaka ile ya hamsini hakuna mtumbwi katika ghuba yetu ulioleta ndagala, dagaa wa ziwa letu, kama ule. Sisemi hivyo kwa sababu tumetoka tumbo moja. Mimi Godelieve sina mazoea ya kusifu watu bure, na Eugène nilimsema usoni akiwa hai, basi naweza kumsema na sasa amelala.

Kwa wale wasiojua, lusenga ni wavu wenye mfuko mkubwa uliofungwa kwenye mti mrefu. Usiku wa giza, mwezi usipokuwapo, mtumbwi unakwenda mbali na pwani, moto unawashwa mbele yake, ndagala wanaufuata mwanga, na wanaume wanawachota kwa lusenga kama unavyochota maji kwa kata. Kwa maneno ni kazi nyepesi. Kwa mikono ni kazi ya kuvunja mgongo, maana wavu ukilowa ni mzito, na wachotaji wakiuzamisha bure mara kadhaa nguvu zimekwisha, asubuhi wanarudi na maji tu. Kwa hiyo kila mtumbwi ulikuwa na mtu mmoja asiyeshika kasia wala wavu. Alikaa ameupa moto mgongo, mwanga usimwingie machoni, akatazama chini. Ndagala wakianza kupanda kutoka kilindini hawaonekani kama samaki. Wanaonekana kama moshi mwembamba, mweupe, ambao huna hakika kama upo. Mtazamaji akisema "Sasa!", lusenga inashuka. Akikosea, nyumba kadhaa zinalala na muhogo mkavu.

Mtu wa kazi hiyo hakuchaguliwa kwa ukoo wala kwa umri. Mwezi wa kumi na mbili, giza likishaingia, kuna nyota tatu kubwa zinazopanda juu ya milima ya Ubwari, moja juu ya nyingine, na kila mtoto wa hapa anazijua. Kando yake, mkono wa kulia, zimefuatana nyota nyingine tatu, ndogo, hafifu. Watazamaji wazee walimchukua anayetaka kazi mpaka mchangani, mioto ya jioni ikiwa imefunikwa, wakamwambia neno moja tu: "Hesabu ile midogo." Aliyesema tatu alishukuriwa, akapewa kasia, na hakuambiwa kamwe alikosea wapi. Aliyesema, "Mbili, na ile ya katikati si nyota, iko kama moshi," huyo aliwekwa mkono begani. Na ni kweli, ile ya katikati si nyota safi. Ni doa la mwanga, limefifia kingoni. Anayeuona moshi wa juu ataona na wa chini, hivyo ndivyo walivyosema. Waliapishwa neno hilo wasimwambie aliyeshindwa, wala mwanamke yeyote.

Tena ukitaka kuliona doa lile usilikodolee macho. Eugène alinieleza baadaye, kiapo kikiwa kimeshavunjika. Unatazama kando kidogo, kama unavyofanya mbele ya mama mkwe wako: unajua yuko wapi, unamwona, lakini humkazii macho. Ukilikazia, doa linatoweka. Kaka yangu aliuona moshi ule akiwa kijana ambaye hata ndevu hazijamtoka, na tangu jioni hiyo alitembea Baraka kama mtu aliyekabidhiwa ziwa zima.

Mke wake alikuwa Adolphine, mtu wa Kazimia, mrefu, mtulivu, mwenye kicheko kinachochelewa. Ungesema jambo la kuchekesha, wote tukacheka tukanyamaza, ndipo yeye anaanza. Walikuwa na watoto wawili. Mke wa mtazamaji ana miiko yake. Mume akiwa ziwani, moto wa jiko lake hautoki kwenda nyumba nyingine, hata jirani akiomba kaa moja. Hafagii. Hagombani na mtu. Na juu ya hayo yote, hamjui mwanaume mwingine. Akivunja mwiko huo, maji yanaharibika, na mume anaita samaki wasiokuja. Mume wangu mimi alikuwa mkulima, kwa hiyo nilifagia nilivyotaka. Adolphine alishika kila mwiko bila kulalamika, hata ile niliyoona ni upuuzi mtupu.

Halafu Jacques akaleta karabai kutoka Usumbura. Kabla ya hapo moto wa mtumbwini ulikuwa wa kuni. Karabai ilikuwa na mwanga mkali mpaka wanawake wa pwani walitoka kuitazama ikiwashwa, na Jacques akawa anaifuta kioo kwa pindo la shati lake kila mtu akipita. Ndagala waliipenda. Misimu miwili ya kwanza tulianika samaki mpaka mchanga haukutosha, na watu wa milimani walishuka na maziwa yao kuja kubadilishana.

Ni wakati huo Eugène alianza kusema kwamba macho yake yamezidi kuwa makali.

"Godelieve, kuko vitu naona sasa, hata bazee habakuona," aliniambia siku moja, amekaa mlangoni kwangu.

"Vitu gani, yaya?" nikamuuliza. Yaya kwetu ni ndugu mkubwa.

"We muke. Siwezi kukuambia."

Alichokuwa akiona, nimekuja kujua, ni hiki. Kwanza moshi wa ile nyota ya katikati uliongezeka. Mwaka uliofuata akauona na kwenye zile mbili za pembeni. Kisha hata zile tatu kubwa, ambazo tangu dunia kuumbwa zilikuwa safi, zikawa na moshi. Akawaeleza watazamaji wenzake kwa sauti ya chini, kama mtu anayetoa siri ya ukoo. Nao wakatikisa vichwa kwa heshima. Nani angembishia Eugène? Wawili kati yao walikwenda wakakodoa macho mpaka yakatoa machozi, wakarudi wakasema kweli, na wao wanauona. Wanaume bwana!

Siku hizohizo alianza kupita watu njiani bila kuwasalimia mpaka waseme wao kwanza. Tukasema ni maringo. Alijigonga goti kwenye kinu changu, kinu kilichokaa palepale miaka yote, akakigombeza kinu kana kwamba kimemfuata. Nilicheka. Hata wewe ungecheka.

Mwaka wa hamsini na saba, mvua zilipoanza, mtumbwi wa Jacques ukaanza kurudi mtupu. Mitumbwi mingine ilijaa. Ule wenye karabai, wenye mtazamaji anayesifiwa mpaka Kazimia, ulirudi na samaki wa kufunika sakafu tu. Eugène aliita "Sasa!" usiku mzima, na wachotaji walizamisha lusenga mpaka viganja vikachubuka. Mwezi wa giza ukapita hivyo, na wa pili vilevile. Watu wakaacha kumtazama Eugène, wakaanza kumtazama Adolphine.

Siku waliyomjia ilikuwa asubuhi, tuko mchangani wanawake wengi tunageuza samaki wachache waliokuwapo. Jacques alikuja na watu wake wote wa mtumbwi. Hakumwita kando. Alimsimamia Adolphine pale alipokuwa amechuchumaa, mbele yetu sote.

"Adolphine, maji yetu imeharibika. Mitumbu ya bengine inajaa, yetu inarudi bure. Taja jina ya ule bwana, atoe mbuzi, mambo iishe."

Adolphine alisimama. Alikuwa mrefu kuliko Jacques.

"Bwana gani?"

"We njo unamujua."

"Mi najua bwana moja tu. Njo ule anasimama nyuma yako."

Tukageuka wote kumtazama kaka yangu. Alikuwa amesimama nyuma ya wenzake, macho yake yakielekea ziwani. Hakusema ndiyo, hakusema hapana. Mambo mengi ya mwaka ule nimeyasahau, lakini kunyamaza kule sijakusahau, na nilipandwa na hasira kiasi kwamba kapu liliniponyoka mikononi.

Jacques akatoa neno lake. Kama Adolphine hatataja jina, kaka yake Alphonse aitwe kutoka Kazimia aje amchukue. Watoto watabaki kwetu, maana ni wa ukoo wa baba. Na mpaka jambo hilo liishe mtumbwi utakaa mchangani, hakuna atakayeingia majini kwa bahati mbaya ya namna hiyo. Adolphine alikunja mkeka wake, akaondoka. Hakulia mbele yao. Alilia nyuma ya nyumba yangu, ameshika mti wa ua kwa mikono miwili, na alikuwa anayataja majina ya watoto wake.

Eugène akaanza kula kwangu. Nilimpa chakula, na pamoja na chakula nilimpa maneno.

"Kwako hakuna sufuria?"

"Siwezi kula chakula ya ile mukono."

"Ile mukono imekulisha miaka yote. Kama ilikuwa na sumu, ungeshakufa zamani."

"Godelieve, sikia." Aliweka tonge chini. Uso wake ulikuwa umekonda. "Kila usiku naona moshi. Naiona vizuri, iko inapanda, nasema Sasa, lusenga inashuka, inatoka mutupu. Macho yangu haina kosa, bote banajua. Basi kosa iko wapi? Niambie we, iko wapi?"

Kwa hesabu yake alikuwa sawa kabisa. Mtu aliyechaguliwa kwa sababu aliona moshi, na sasa anaona moshi mwingi zaidi, utamwambiaje macho yake yamepungua? Hakuwa mtu mbaya. Alimpenda mke wake, na ndiyo maana alikuwa anakonda. Lakini alikuwa na kitu kimoja tu duniani ambacho hakuwahi kukitilia shaka, na kitu hicho kilimwambia kwamba mke wake ni mwongo.

Habari ikaja kwamba Alphonse amepata nafasi kwenye mtumbwi wa wachuuzi wa samaki, kesho yake atafika. Jioni hiyo Eugène alikwenda nyumbani kwake kuchukua blanketi. Watoto nilikuwa nao mimi. Adolphine alikuwa amekaa nje mlangoni, fungu lake la nguo limefungwa, liko pembeni yake. Giza lilikuwa limeingia, anga imeoshwa na mvua ya mchana, na juu ya Ubwari zile nyota tatu zilikuwa zimeshapanda. Yaliyofuata wote wawili walinisimulia, kila mmoja kwa wakati wake, na hawakupishana.

Eugène alisimama mbele yake. Alitaka kupita tu. Akashindwa.

"Ungesema jina," alimwambia, "leo ungelala na batoto yako."

"Niseme jina ya nani? Nitafute mutu pa soko?"

"Macho yangu haijanidanganya hata siku moja, Adolphine. Hata sasa, nikiangalia juu, naona vitu wengine habawezi kuona."

"Unaona nini?"

Aliuliza tu, bila kejeli, kama mtu aliyechoka anavyouliza. Na kaka yangu, ambaye kiapo chake alikilinda tangu ujana, akaona kwamba mwanamke huyu kesho anakwenda zake, siri itakwenda naye Kazimia, haina kazi tena. Au labda alitaka mtu mmoja amshuhudie. Akanyoosha mkono kuelekea mahali alipopajua hata akifumba macho.

"Ile tatu mikubwa unaiona. Kando yake kuko midogo. Hesabu."

Adolphine akatazama. Alitazama kwa muda, aliniambia, kwa sababu alifikiri anaonyeshwa jambo la kumtia hatiani, naye hakutaka kukosea.

"Mbili," akasema. "Ile ya katikati si nyota. Iko kama mvuke ya sufuria."

Eugène alistuka. Wanaume wengi wa Baraka walikuwa wameshindwa neno hilo, na hapa mke wake alilitamka bila kufundishwa. Akafurahi, masikini. Kwa kitambo kidogo akasahau fungu la nguo lililoko chini.

"Njo yenyewe! Na ile mbili ya pembeni, moshi yake unaona?"

"Haina moshi."

"Angalia muzuri."

"Niko naangalia. Iko safi."

"Ile tatu mikubwa?"

"Safi."

"Kuko ingine moja nyekundu, kwa kando ya kushoto."

"Naiona. Safi, Eugène. Zote ziko safi. Kuko moja tu yenye moshi."

Eugène akatazama tena juu, na zote alizoziona zilikuwa na moshi, hata zile alizozikumbuka toka utoto zikiwa kama ncha ya sindano. Akageuka akatazama moto wa jirani uliokuwa unawaka ng'ambo ya ua: nao ulikuwa na moshi mweupe pande zote, duara zima. Akainua mkono wake mwenyewe mbele ya uso. Hapo akaketi chini, kwenye udongo uliolowa.

Adolphine alielewa wakati uleule. Aliniambia kwamba mwili wake ulitaka kumshika, na mkono ulikuwa umeshanyooka. Akaurudisha. "Kama ningemushika," alisema, "ile usiku ingeishia pale, sisi wawili, na asubuhi angenyamaza tena." Basi alimwambia neno moja tu.

"Kesho Alphonse anafika."

Asubuhi pwani ilijaa. Alphonse alishuka, mtu mnene mwenye aibu, ambaye hakujua amsalimie nani. Adolphine aliweka fungu lake mchangani. Mimi nilikuwa na watoto wake, mmoja kila mkono, na sikutaka kuwaachia. Jacques alianza kusema maneno ya kuagana, maneno ya heshima aliyokuwa ameyapanga, ndipo Eugène akapita katikati ya watu. Alitembea polepole, mguu wake ukipapasa kabla ya kukanyaga. Sijui kwa nini hatukuwa tumeuona mguu ule miezi yote.

"Jacques, ngoja. Maji haijaharibika."

"Eugène, mambo imekwisha."

"Haijakwisha. Bantu bote basikie, na bamama basikie." Kisha akaitoa siri, pale pale, mbele yetu wanawake. Akasema habari za nyota ndogo, na moshi, na jinsi watazamaji wanavyochaguliwa. Wazee wawili wakamzomea anyamaze. Hakunyamaza. "Mi naona moshi kwa kila nyota. Kwa kila moto. Naona moshi kwa uso yako, Jacques. Hii miezi yote nimebaita muzamishe lusenga juu ya moshi ya macho yangu. Samaki ilikuwa inapita kando, na mi sikuiona. Muke wangu hana kosa. Mi njo mwenye kosa."

Jacques akasema jambo ambalo kila mwanaume pale alikuwa analiwaza.

"Unamupenda muke yako. Mutu anaweza kusema haone, juu ya kuokoa muke."

"Ni kweli, mutu anaweza," Eugène akajibu. "Basi fanya hivi. Leo usiku Adolphine abaki mu nyumba yake. Mi nibaki hapa pa muchanga. Fabien akae fasi yangu. Muke ni ule ule, maji ni ile ile, taa ni ile ile. Mukirudi mutupu, Alphonse amupeleke."

Fabien alikuwa mmoja wa wachotaji, kijana aliyewahi kuuona moshi ule alipoulizwa lakini nafasi ya mtazamaji haikuwapo. Alitazama miguu yake. Jacques akafikiri, akamtazama Alphonse, na Alphonse akasema atangoja.

Usiku ule nililala kwa Adolphine. Hakufagia, hakutoa moto, na mimi kwa mara ya kwanza maishani mwangu nikashika miiko ile pamoja naye, nikiogopa hata kupiga chafya.

Kulipopambazuka tulikuwa pwani. Eugène alikuwa amekaa palepale, blanketi begani, umande umemlowesha. Mtumbwi wenye samaki unajulikana kwa mbali kwa sababu unakaa chini, na watu wake wanapiga kasia taratibu wasije wakaingiza maji. Watu wakaanza kunong'ona. Kaka yangu alisikia minong'ono, akageuza uso huku na huko.

"Godelieve? Uko hapa?"

"Niko, yaya."

"Mutumbu iko namna gani?"

Nilitazama. Ningetamani sana aulizwe mtu mwingine.

"Iko chini, yaya. Iko chini sana. Karibu maji inaingia."

Alitikisa kichwa mara kadhaa. Akasema, "Asante Mungu," na machozi yakaanza kumshuka, akayaacha yashuke, hakuyafuta. Alikuwa anashukuru kwa ajili ya mke wake, hilo nalijua. Lakini kila ndagala aliyekuwa kwenye mtumbwi ule alikuwa anamwambia kwamba hataingia tena ziwani, na hilo pia nalijua.

Jacques aliposhuka alijaza kapu kubwa, akaliweka miguuni pa Adolphine. Adolphine alilitazama.

"Samaki sitaki. Nataka maneno. Ulisemea hapa, bamama banasikia. Semea hapa."

Jacques alisema. Alianza kwa sauti ya chini, Adolphine akamwambia wa nyuma hawasikii, akarudia kwa sauti ya juu. Alisema kwamba alimsingizia mke wa mtu, kwamba mwanamke huyu ni safi, kwamba atakayemsema tena atagombana na yeye Jacques. Nilisikia utamu mwilini mpaka leo nikikumbuka nausikia. Alphonse akapanda mtumbwi wa kurudi Kazimia, amebeba lile kapu la samaki, kwa sababu dada yake alimpa.

Baadaye mganga wa zahanati alimtazama Eugène, akasema ni mtoto wa jicho, macho yote mawili, na kwamba kulikuwa na daktari mbali huko wa kupasua. Eugène hakwenda. Mtihani wa nyota nao ulikufa, kwa kuwa sasa kila mtoto alijua la kujibu.

Miaka mingi imepita tangu hapo. Mwanangu wa mwisho, aliyesoma Bukavu, aliniambia kwamba doa lile ni wingu kweli, kubwa kuliko tunavyoweza kufikiri, na kwamba ndani yake nyota zinazaliwa hata leo. Nilimpelekea Adolphine habari hiyo. Alifikiri kwanza, kama kawaida yake, akasema, "Njo maana kuko mvuke. Pa kuzaa lazima bachemushe maji." Tukacheka, mimi kwanza, yeye baadaye.

Lakini nimeruka. Sijasema jinsi kaka yangu alivyorudi kula kwake.

Adolphine alibaki nyumbani kwa ajili ya watoto. Alimfulia Eugène nguo, alimtandikia kitanda, alimwelekeza palipo na shimo njiani. Hakumpakulia chakula. Hakusema lolote juu ya hilo. Kila jioni sufuria ilitoka motoni, yeye na watoto wakala, na Eugène akachukua fimbo yake, akaja kwangu. Hakuwa na uso wa kuomba. Mimi nilimpikia na kunyamaza, jambo ambalo si la kawaida yangu. Mvua zilinyesha, mahindi yakakomaa, na zile nyota tatu zikahama kutoka upande wa Ubwari, zikawa zinaonekana giza likiingia tu, zimeshainama kuelekea milima ya Fizi.

Jioni moja amekaa uani kwangu, anangoja. Adolphine akaingia. Hakunisalimia. Alikwenda akasimama karibu na kiti chake.

"Eugène."

"Nasikia."

"Hesabu ile midogo."

Kaka yangu akainua uso. Hakuna mtu Baraka aliyejua jibu lile kuliko yeye. Angeweza kulitamka amelala.

"Siwezi kuhesabu," akasema. "Sione kitu. Niko naona giza na moshi tu."

"Na siku ile, pa muchanga, nilikuambia nina bwana moja. Ulikuwa unaona nini?"

Ugali wangu ukaanza kushika chini ya sufuria, na sikuukoroga.

"Nilikuona mubaya," akasema. "Nilikuona mubaya bure, na nilinyamaza. Batoto yako ilikuwa inakwenda kupotea, na nilinyamaza."

Adolphine akashusha pumzi ndefu. Kisha akainama, akamshika kifundo cha mkono kwa ule mkono wake aliokuwa ameurudisha usiku ule, akamwinua kitini.

"Twende," alimwambia. "Chakula inapoa."

Wakatoka, yeye mbele, Eugène nyuma, fimbo ameisahau kwangu. Niliwapigia kelele kwamba nimeshapika. Hakuna aliyegeuka.